Mashavu ya Boti ya Themanini na Moja

Haya nilisimuliwa na wifi yangu, mke wa kaka yangu mkubwa, wiki ile walipolikausha bwawa la wanamaji. Tulikuwa jikoni kwake mchana, tunachambua mchele, na kaka mwenyewe alikuwa kitandani chumba cha pili, mlango wazi. Kila wifi alipokosea, kaka alipaza sauti kumsahihisha. Kwa hiyo nimeyapata kwa midomo miwili.

Bwawa lile halikuwa la kuogelea. Lilikuwa jengo refu kama treni, na ndani yake mfereji wa maji yaliyotulia, hata nzi akitua unamwona. Juu ya mfereji zilipita reli mbili, na juu ya reli kitoroli. Jeshi la wanamaji likitaka meli mpya haliendi kukata chuma hivi hivi. Kwanza mhandisi anachora. Kisha inatengenezwa boti ya nta, ndefu kama mtu aliyelala, inafungwa kwenye kitoroli na kuvutwa, na kalamu juu yake inaandika mstari kwenye karatasi. Mstari ukipanda, maji yameikataa boti. Ukishuka, yameikubali.

Kazi ya nta ilikuwa ya kaka. Aliiyeyusha kwenye pipa, akaimimina, ikapoa, akaichonga kwa kikwaruzo. Mhandisi alimkatia vibati vyenye umbo la mchoro, naye alikibandika kibati ubavuni mwa boti. Akiona mwanga unapenya kati ya bati na nta, bado. Mwanga ukipotea, amefika. Mwisho alipitisha kiganja. Ndiyo maana hata leo watu wanamwita Nta, na jina alilopewa na mama limebaki kwenye kitambulisho tu.

Na palikuwa na desturi. Boti ikimaliza majaribio, Ijumaa saa nane mchongaji anaivunja kwa mkono wake na kuirudisha pipani. Nta ilikuwa ile ile tangu bwawa lifunguliwe.

"Kila boti ina bibi zake tumboni," Nta alizoea kusema.

Sasa boti ya themanini na moja ilikuwa ya uokoaji, ya kuwakimbilia watu bahari ikichafuka. Zilizotangulia zote zilikuwa zinazamisha pua kama bata. Mchoro ulikuwa wa mhandisi mmoja wa kike, kijana, mara yake ya kwanza kuaminiwa mchoro mzima. Kapteni, mkuu wa bwawa, alimwambia mbele za watu, "Hii ikishindwa, binti, utarudi kunoa penseli za wenzako."

("Hakusema penseli, alisema kalamu!" kaka akapaza sauti kutoka chumbani. Wifi akanikonyeza.)

Jumatano Nta alikuwa anamalizia pua, shavu la kushoto, kikwaruzo kikatumbukia. Povu la hewa lilikuwa limejificha ndani ya nta, na sasa palikuwa na shimo la kutosha kidole gumba. Sheria ilikuwa moja: mwambie mhandisi, yeyusha, anza upya. Lakini majaribio yalikuwa kesho yake asubuhi, na mchongaji aliyemtangulia alifukuzwa kwa kuficha ufa usiozidi unene wa ukucha. Nta akatazama huku na huku. Akakwaruza shavu lile mpaka shimo likaisha, likawa limebonyea kidogo. Kisha akaenda shavu la kulia, akalibonyeza vivyo hivyo lifanane na mwenzake. Alipobandika kibati, mwanga ukampiga jichoni. Akakirudisha kibati msumarini.

"Tayari?" mhandisi akauliza mlangoni.

"Tayari, mama."

Mhandisi hakupima. Mkono wa Nta ulikuwa haujawahi kumdanganya mtu.

Alhamisi boti ikavutwa. Mstari ukashuka, ukashuka tena, mpaka fundi wa kitoroli akaigonga kalamu akidhani imekwama. Pua haikuzama hata mara moja. Kapteni, mtu ambaye hakuna aliyejua rangi ya meno yake, siku hiyo alicheka mpaka magego yakaonekana. Kesho yake, saa nane, Nta akaivunja boti kama desturi. Hakuna aliyemwambia ngoja. Moyoni alishukuru, pipa linameza na wala halisimulii.

Jumatatu mhandisi akaja na karatasi zake, macho mekundu.

"Nta, niletee themanini na moja niipime."

"Si Ijumaa ilipita, mama?" Nta akaelekeza kidevu kwenye pipa.

Mhandisi akakaa juu ya ndoo iliyopinduliwa. "Hesabu zangu hazifiki pale. Boti ilikwenda vizuri kuliko nilivyoichora. Makao makuu wamenipa mpaka Ijumaa niwaonyeshe tena, la sivyo wataandika kwamba nimepika matokeo."

Nta akafunika pipa.

Jioni ile aliligusa tonge, akalirudisha. Wifi, wakati huo bibi harusi wa miezi mitano, akamtazama weeee, kisha akasema, "Umeiba?"

"Sijaiba."

"Una mwanamke?"

"Mwanamke nitampata wapi, nanuka nta?"

"Basi sema, maana uso huo si wa mtu mwenye njaa."

Akasema yote. Wifi akaisogeza sahani kando. "Wakikufukuza tutalima vitunguu," akasema. "Lakini yule mtoto wa watu akiitwa mwongo kwa ajili ya kidole gumba chako, hutalala kwenye kitanda hiki. Mficha uchi hazai, baba, na mimi nataka watoto."

("Hapo umesema kweli," kaka akaitikia, sauti imepungua kidogo.)

Asubuhi alimkuta Kapteni na mhandisi ofisini, akaungama akiwa amesimama. Kapteni akawa mwekundu. Mhandisi hakukasirika, aliruka kutoka kwenye kiti.

"Ulibonyeza kiasi gani?"

"Sijui, mama. Sikupima. Kiganja ndicho kinajua."

"Basi kiganja kina mpaka Ijumaa," Kapteni akasema, "na baada ya hapo tutajua kama kina kazi."

Themanini na mbili ilitoka Jumatano. Nta alikuwa ameichonga kwa macho, akiikodolea, akiogopa. Ikazamisha pua. Kwa ya themanini na tatu alifumba macho. Alipitisha kiganja mashavuni, akakwaruza, akapitisha tena, kama mtu anayetafuta swichi kwenye chumba alichokulia. Ijumaa asubuhi, mahali fulani, mkono ukasimama wenyewe. Hapo ndipo.

Kitoroli kikaondoka. Kalamu ikashuka, ikatulia juu ya mstari wa zamani kama imeukumbuka.

Mhandisi hakushangilia. Alishika mkasi na bati akakata vibati vipya, akivipimisha mashavuni mwa boti. Mara ya kwanza pale bwawani bati kufuata nta badala ya nta kufuata bati. Halafu Kapteni akatazama saa.

"Saa nane, Nta. Vunja."

Akavunja. Mchana ule alipewa barua ya onyo kali, na Kapteni aliyemkabidhi akamshika mkono kwa mikono miwili. Barua hiyo wifi aliitia kwenye fremu. Iko sebuleni mpaka leo, juu ya picha za watoto wao sita.

Boti za uokoaji zenye mashavu yaliyobonyea zilitoka ishirini. Siku hizi wanapima kwa kompyuta, maji hayamloweshi mtu, ndiyo maana wamelikausha bwawa. Juzi walimwita, wakamkatia kipande cha nta kutoka pipani, kikubwa kama mkate, wakamfungia kwenye gazeti.

"Amekuja nacho mpaka kitandani," wifi akasema. "Anasema themanini na moja imo humo. Nami nimesogezwa ukutani." Akapepeta mchele, akasikiliza. Kisha akapaza sauti makusudi, "Basi, wifi, ndivyo ilivyokuwa ile boti ya tisini na tano!"

Tukangoja. Kimya.

Tukaenda kuchungulia. Kaka alikuwa amelala ubavu, usingizi umemchukua, miwani puani, na kiganja chake wazi juu ya shavu la ile nta.