Tundu la Nyuma ya Mguu

"Umempima mbele tu. Nyuma umemwachia nani, majirani?"

"Ulitaka nizunguke nimchungulie baba mkwe miguuni? Mimi?"

Lugano akaigeukia kompyuta. Humo, picha ya mguu wa baba yake uliokatwa chini ya goti ilikaa vizuri kabisa, ila nyuma ina tundu la kupita ngumi. Programu imegoma: umbo lenye uwazi halitoi mguu wa bandia.

Tekla mkewe ndiye fundi hasa wa miguu hiyo. Kazi alijifunzia kwao Iringa, pale Mlandege. Lakini kaolewa kwa Wanyakyusa, na kwao mkamwana hatazamani na baba mkwe. Siku ya kupima, Lugano yuko Madibira anavuna mpunga, na skana ya kuazima, ya kuchukulia umbo la mguu, inarudi Iringa siku hiyohiyo. Basi Tekla akapima shingo kageuza, mzee Andendekisye naye kajifunika shuka gubigubi. Hapo unategemea nini?

Lugano, kiherehere, akabonyeza kuziba. Tundu likafungwa bapa kama kiraka cha tairi.

"Ushamaliza?" Tekla akamuuliza. "Nyama ya nyuma siyo bapa. Wiki moja tu atatoka kidonda, auchukie mguu, arudi kushinda kwenye kile kiti chake mpaka tumzike."

Ikabidi watumie mikono. Lugano akapiga magoti sebuleni, anapapasa mguu wa baba yake. Tekla na kompyuta jikoni, pazia katikati.

"Hapa kuna bonde, kidole kinazama nusu kucha."

"Pembeni?"

"Panapanda taratibu."

Tekla anavuta kiraka kidogo kidogo, kinapokea mkunjo wa ngozi ya jirani, mpaka mshono haujulikani ulipo.  Mara mzee akamwambia mwanawe, kwa sauti ya kufika jikoni kabisa: "Mwambie huyo fundi kushoto panauma. Apaachie nafasi."

 Jikoni kikasikika kicheko kidogo, cha kuzibwa na kanga.

Wiki ya tatu mguu wa bandia ukafika. Mzee akauvaa, akasimama, akatoka uani bila kushika ukuta. Tekla alikuwa anaanua nguo. Akainamisha uso, kama ada.  Mzee akamgeuzia mgongo, akakunja suruali mpaka gotini ili fundi aikague kazi yake, akaenda zake barabarani, polepole.