Sufuria za Fundi wa Mlango wa Bluu

Mwenye mtoto mwenye mdomo mwepesi anisikilize, maana mdomo wa binti yangu niliunoa mwenyewe.

Nyumbani kwangu kila tukimaliza kula tulikuwa na mchezo. Mmoja anamtania mwenzake, mwenzake anajibu, na anayekosa jibu anaosha vyombo. Binti yangu huyo, kitinda mimba, tangu ana miaka saba hakugusa sufuria. Nikajisifu kwa majirani. Alipoingia kwenye televisheni, kwenye kipindi ambacho watazamaji wanamrushia neno lolote naye anawachekesha papo hapo bila kuandikiwa kitu, nikajisifu mara mbili.

Siku moja mtazamaji akapaza sauti, "Fundi cherehani!"

Binti yangu hakupepesa macho. "Jirani yetu wa mlango wa bluu? Mpelekee kitambaa cha gauni, anakurudishia leso ya mkononi. Na leso yenyewe inabana!"

Nilicheka nikajishika mbavu. Asubuhi yake wateja watatu walikuwa mlangoni kwa fundi, wanataka vitambaa vyao. Fundi huyo ndiye aliyemshonea binti yangu sare zote za shule, na hazikubana. Kufika Ijumaa cherehani yake ilikuwa kimya. Tunatenganishwa na ukuta mmoja tu, najua.

Nikaenda kule kwenye televisheni, hadi chumba wanachompaka poda.

"Twende kwa fundi ukamwombe radhi."

"Mama, ule utani tu. Nitamtumia ujumbe."

"Utaenda kwa miguu yako."

"Saa nane nina kazi."

"Ifanye. Mimi nipo." Nikavuta kiti, nikakaa mpaka alipomaliza.

Fundi alifungua, akauziba mlango kwa mwili wake. Tukamwamkia.

"Mmefuata leso? Bado naipunguza, ibane vizuri."

Nikaona mdomo wa mwanangu unacheza. Jibu lilikuwepo. Namjua, yalikuwepo hata matatu. Nikamkazia macho. Akayameza yote.

"Nimekukosea, shangazi. Nisamehe."

"Wewe leo umekosa jibu?" Fundi akamtazama juu hadi chini. "Miaka yote nawasikia ukutani. Anayekosa jibu kwenu anafanya nini?"

Fundi akatupisha mlangoni, nami nikakaa kwenye kigoda. Binti yangu akavua saa, akakunja mikono ya blauzi, akapita hadi kwenye beseni la vyombo. Akashika sufuria kama mtu aliyepewa paka asiyemjua. Nikainuka kumsaidia.

"Kaa, mama," akasema.

"Hiyo ya chini ina masizi," fundi akamwambia.

"Ndiyo, shangazi."

Aliisugua mpaka jasho likamtoka. Ndipo fundi akachukua futi yake ya shingoni, akaenda kusimama nyuma yake.

"Simama wima nikupime. Utavaa gauni langu kwenye hicho kipindi chako, useme nani kalishona. Na likibana, useme vilevile."

Mwanangu akasimama, povu likimchuruzika viganjani.

Wateja bado hawajarudi. Lakini tangu jana cherehani inalia ukutani, na Jumatano binti yangu atasimama na gauni hilo mbele ya watu walewale. Mimi nitakuwa kiti cha mbele kabisa.