Mbawakawa wa Chumba cha Mifupa

Kazi yangu ni kufuga mbawakawa. Usicheke. Ni wadudu weusi, hawazidi punje ya mchele, na wanaishi kwenye masanduku ya kioo nyuma ya jumba la makumbusho. Ukiwapa mzoga wa ndege, baada ya wiki wanakurudishia mifupa mitupu, safi, tayari kwa kabati la maonyesho. Miaka kumi na moja nimewalisha, nao wamenilisha.

Mama mkwe hakuwapenda hata siku moja. Anasema mdudu wa mizoga akiingia ndani ya nyumba, amekuja kuulizia mtu. Nilikuwa nikimtania: "Mama, hawa hawaulizi, wanakula tu." Binti yangu wa miaka sita alikuwa akicheka mpaka anashika mbavu.

Kisha binti akashikwa na homa. Siku ya nne, daktari ameshabadilisha dawa mara mbili, mama mkwe akamkuta mbawakawa mmoja kwenye pindo la suruali yangu. Mke wangu akasimama kwenye mlango wa chumba cha mtoto, akaziba njia.

"Huingii."

"Ni mdudu tu, mke wangu. Wewe si umesoma?"

"Nimesoma, ndiyo. Na huingii. Kawamalize kwanza."

Mtoto aliniita kutoka ndani, sauti imemkauka. Mara ya pili hakumalizia neno. Hapo ndipo akili iliponiruka.

Nilifika kazini saa saba mchana, mkuu wangu yuko kwenye chakula. Nikabeba masanduku yote saba, nikayatia kwenye friza tunamohifadhi ndege, nikaongeza baridi mpaka mwisho. Nilijua ni upuuzi. Nilijua pia kwamba kazi ndiyo basi tena. Nikajifungia chumbani, nikakaa juu ya mfuniko wa friza nikilia, wenzangu wakigonga mlango. Saa kumi na moja nilifungua friza, nikagonga kioo kwa ukucha. Hakutikisika hata mmoja.

Nyumbani mke wangu alininusa mikono, akanitazama usoni.

"Wote?"

"Wote."

Akanipisha. Nikampakata mtoto. Alikuwa wa moto vilevile, na hakunitambua. Mama mkwe akageukia ukutani. Tukakaa, tukangoja, jua likashuka, homa isishuke.

Mke wangu akanishika mkono, akaninong'oneza: "Sasa tuue nini tena?"