Ukuta wa Mita Kumi

Siku ya kuinunua nyumba, fundi aliigonga yote. Aliugeuza mwiko wake, akashika upande wa bapa, na kwa mpini akagonga ukuta wa sebule, wa jikoni na wa vyumba vyote viwili vya kulala, sikio amelisogeza karibu kama daktari anayesikiliza kifua cha mtu mwenye kikohozi. Palipolia tupu, alitia alama ya chaki. Mwenye nyumba, mwalimu mstaafu aliyekuwa na haraka ya kuhamia kwa mwanawe, alimfuata nyuma huku bei ikishuka chaki kwa chaki. Walianzia milioni arobaini na sita. Walipofika kwenye mlango wa nyuma, ambao bawaba yake moja ilikuwa imelegea, walikuwa kwenye arobaini kamili, na mwalimu akasema, "Fundi, ukigonga tena nitakupa bure."

Hadithi hiyo fundi aliisimulia kwa miaka kumi na mmoja. Aliisimulia kwenye majukwaa ya ujenzi, kwenye misiba na kwenye foleni ya maji. Wenzake walimpa jina la Timazi, ile kamba yenye risasi ya kupimia wima wa ukuta, kwa sababu hakuna ukuta wake uliowahi kuinama, naye alilivaa jina hilo kama koti. Kila alipomaliza kusimulia alipiga magoti yake kwa viganja na kusema, "Mimi siuziwi mbuzi kwenye gunia."

Ambalo hakulisimulia ni lile lililotokea wiki moja baadaye, benki. Walikuwa wamekaa yeye na mkewe mbele ya meza ya afisa wa mikopo, mtu mnene mwenye tabasamu la kudumu. Karatasi zilikuwa tisa. Mkewe, mshonaji wa sare za shule, mwanamke asiyekata kitambaa kabla hajapima mara mbili, aliuliza swali moja tu.

"Jumla yake ni ngapi? Yaani mpaka siku tunamaliza, tutakuwa tumetoa kiasi gani?"

"Mama, ni laki nne na arobaini na tano tu kwa mwezi," afisa alisema. "Kwa miaka ishirini. Haba na haba hujaza kibaba."

"Hiyo ya mwezi nimeisikia. Mimi nauliza jumla."

Fundi alimbonyeza goti kwa goti lake chini ya meza. "Usinitie aibu mbele ya watu," alimnong'oneza. Mkewe akanyamaza. Na mume, mtu ambaye hajapata kumruhusu mteja achimbe msingi kabla hajamwandikia gharama zote mpaka bati la mwisho, alitia sahihi kurasa tisa bila kuuliza hata swali moja. Mganga hajigangi, wamesema wahenga, lakini wahenga hawakusema kwamba mganga huyohuyo humziba mdomo anayetaka kumganga.

Benki iliwakopesha milioni thelathini na mbili. Nane zilizobaki zilitoka kwenye kiwanja cha mkewe, alichoachiwa na mama yake mzazi. Mwanamke alitaka wajenge pale pale, chumba kimoja kwanza, wahamie, kisha kingine Mungu akijalia. Fundi alikataa katakata. "Nimewajengea watu tangu nina ndevu tatu," alisema. "Safari hii sitaki kujenga, nataka kukaa." Kiwanja kikauzwa kwa siku nne. Mkewe hakulia, alirudi kwenye cherehani yake, akashona mpaka sindano ikavunjika.

Jambo moja tu alilishika, nalo mumewe akaliafiki. Nyumba ilikuwa na plasta ya kijivu mbele, haijawahi kupata rangi. Wakakubaliana isipakwe hadi siku hati itakapotoka benki na kuingia mikononi mwao. "Siwezi kumpambia mtu ukuta wake," mwanamke alisema. Akachagua rangi siku ileile, bluu ya sare za shule ya jirani, akahifadhi kipande cha kitambaa ndani ya droo ya cherehani ili asije akaisahau.

Miaka ikapita. Watoto wao wawili walikua, wakaondoka, wakaanza kuwapigia simu Jumapili. Kila mwezi laki nne na arobaini na tano zilikwenda, mvua inyeshe au jua liwake. Kuna mwezi zilikwenda na mchango wa mazishi ya dada wa fundi, na fundi akasimama kaburini mikono mitupu akiona haya. Kuna mwaka mzima mkewe hakununua kiatu. Waliyavumilia hayo kwa kuwa walidhani wanayavumilia kwa ajili ya nyumba.

Kilichomwangusha fundi ni goti la kulia. Lilianza kwa kulia kama bawaba, likaishia kuvimba kila jioni baada ya kupanda jukwaa. Daktari alimwambia aache ngazi. Fundi akakaa kitako, akapiga hesabu yake, na hesabu yake ilikuwa ya mwashi. Deni ni ukuta wa kozi ishirini, yaani mistari ishirini ya matofali, kila mwaka kozi moja. Amepanga kumi na moja, zimebaki tisa. Milioni thelathini na mbili ukizigawa kwa ishirini, ukachukua tisa, unapata milioni kumi na nne na laki nne. Hesabu ilisimama wima, timazi haikuyumba.

Akauza mashine yake ya kuchanganyia zege. Ilikuwa kuukuu lakini ngurumo yake ilijulikana mtaa mzima, na ndiyo iliyomtofautisha na vibarua. Aliyeinunua ni mkandarasi wa upande wa pili wa soko, ambaye kwa miaka mingi alikuwa akiitamani. Bei yake, pamoja na akiba yote waliyokuwa nayo, ikafika milioni kumi na nne na nusu. Laki moja aliiacha ya ziada, asije akaambiwa kuna ada.

"Nikirudi," alimwambia mkewe asubuhi hiyo, akizipanga fedha chini kabisa ya mfuko wake wa zana, chini ya mwiko na pimamaji, "nitarudi na hati."

"Basi mimi naenda kununua rangi," mkewe alisema. Alikuwa tayari ameshika kile kipande cha bluu.

Afisa wa mikopo wa zamani alikwishahama. Mezani palikuwa na binti mwenye miwani, mwenye adabu zake. "Shikamoo mzee," alisema.

"Marahaba mwanangu. Nimekuja kufunga deni."

Binti aliangalia kompyuta, akaangalia mfuko wa zana mapajani mwa mzee, akaangalia tena kompyuta. "Umekuja na kiasi gani, mzee?"

Fundi akamwambia, na hakuficha fahari yake. Binti akavua miwani, akaifuta, ingawa haikuwa na vumbi.

"Deni lililobaki ni milioni ishirini na tano na laki nne."

"Hapana," fundi alisema kwa upole, kama anayemsahihisha mtoto. "Umeangalia la mtu mwingine. Mimi nimelipa miaka kumi na mmoja. Sijawahi kuruka hata mwezi."

"Ni kweli hujaruka. Umelipa milioni hamsini na nane na ushee."

"Hamsini na nane?"

"Na ushee."

"Nilikopa thelathini na mbili."

"Ndiyo, mzee."

"Nimelipa hamsini na nane, halafu nadaiwa ishirini na tano."

Binti alichukua karatasi, akavuta kiti akakaa upande wa mzee, jambo ambalo yule mwenye tabasamu hakulifanya. Akaanza na mwezi wa kwanza. Kila mwezi, alieleza, benki inakata kwanza riba ya deni lote lililobaki. Kinachosalia baada ya hapo ndicho kinachopunguza deni lenyewe. Deni likiwa kubwa, riba inakula karibu sahani nzima. Mwezi ule wa kwanza, kati ya laki nne na arobaini na tano, riba ilichukua laki nne na elfu ishirini na sita na mia tano. Deni lilipungua kwa elfu kumi na nane na mia tano.

Fundi aliitazama ile elfu kumi na nane na mia tano. Aliijua. Ilikuwa bei ya mfuko mmoja wa saruji. Mwezi mzima wa jukwaa na jua la kisogoni, mwezi wa ugomvi juu ya kiatu, ulikuwa umenunua mfuko mmoja wa saruji.

"Na mwezi uliopita?" aliuliza.

"Mwezi uliopita laki moja na elfu tano. Inapanda polepole. Kwa miaka yote kumi na mmoja, deni limepungua kwa milioni sita na laki sita."

"Na tungeendelea mpaka mwisho? Jumla?" Neno hilo lilimtoka kabla hajalijua, na alipolisikia kinywani mwake alisikia pia sauti ya mkewe na goti lake mwenyewe likibonyeza goti la mkewe. Alikuwa amechelewa nalo miaka kumi na mmoja.

"Karibu milioni mia moja na saba. Mbali na kile mlichotanguliza."

"Kwa nini hamkutuambia?"

"Iko ukurasa wa tano, mzee. Sahihi yako ipo chini yake." Hakusema kwa kejeli, alisema kama anayemwonyesha mtu jeraha lake. Kisha akainamisha kichwa, akaongeza polepole, "Hata mimi nina mkopo. Wa miaka ishirini na mitano."

Alimshauri asiondoke na fedha. Akizilipa leo zote, miaka tisa itashuka mpaka miezi thelathini, na riba nyingi atakuwa ameiokoa. Fundi aliona kuwa binti anamwambia kweli, na kweli hiyo ilimchoma kuliko uongo. Miezi thelathini ya laki nne na arobaini na tano, bila mashine na kwa goti lile. Alisimama, akajitundika mfuko begani. "Ngoja nikamuulize mwenye nyumba," alisema. Binti akadhani anatania.

Njiani aliyatafuta maneno. Mtu mzima haaniki huzuni yake barabarani, lakini machozi yalimtoka, akayapangusa kwa mkono wenye vumbi la noti. Hasira yake ilizunguka kutafuta mtu wa kumshukia. Ilimwendea yule mwenye tabasamu, ikaenda kwa benki, kisha ikamrudia yeye mwenyewe. Haba na haba kweli zilikuwa zimejaza kibaba, ila kibaba hakikuwa chake, na aliyetaka kukipima alinyamazishwa.

Mkewe alikuwa barazani, kanga ya kazi kiunoni, ndoo mbili za rangi zimefunguliwa, brashi mpya mkononi. Alimwona mumewe anavyotembea, akaiweka brashi chini.

Fundi alimweleza amesimama. Alimweleza yote: hamsini na nane, ishirini na tano, mfuko wa saruji, miezi thelathini. Mwisho akasema, "Uliuliza jumla. Nikakubonyeza goti."

"Nakumbuka," mkewe alisema. "Liliuma siku mbili."

"Mama watoto, nisamehe."

Mkewe aliutazama ule ukuta wa kijivu kutoka kona hadi kona, akauliza, "Ukuta huu una mita ngapi?"

"Kumi."

"Na nyumba ni milioni arobaini. Kwa hiyo mita moja ni milioni nne. Kiwanja cha mama yangu kilinunua ngapi?"

"Mbili."

"Pima."

Fundi akatoa futi ya chuma, akapima mita mbili kutoka kona ya kushoto, akashusha timazi, akapiga mstari wa chaki.

"Na wewe? Miaka yako kumi na mmoja?"

Alijua jibu kabla hajavuta futi. "Mita moja na sentimita sitini na tano," alisema. Kiwanja cha marehemu mama mkwe, kilichouzwa kwa siku nne, kilikuwa kimenunua sehemu kubwa ya nyumba kuliko yeye. Akapiga mstari wa pili, umenyooka kama mistari yake yote.

Walipaka. Mwanamke alipaka pande za chini, fundi alipanda ngazi kwa goti lake bovu, na mkewe hakumzuia. Bluu ilikaa vizuri kwenye plasta. Katikati ya kazi mkewe alisema, bila kugeuka, "Kesho tupeleke hizo fedha. Halafu utakwenda kwa yule uliyemuuzia mashine, umwombe kibarua."

"Nitakwenda."

"Mimi nitaongeza sare."

Jirani alisimama barabarani na kikapu chake, akautazama ukuta uliokatwa wima, bluu huku, kijivu kule. "Vipi, fundi? Rangi imewaishia?"

"Rangi ipo tele," mkewe alimjibu. "Nyumba ndiyo imeisha."

Jirani akacheka, akaona anacheka peke yake, akaenda zake.

Bluu ilikomea mita tatu na sentimita sitini na tano. Mlango unaanzia kwenye alama ya mita nne, upande wa kijivu, wa benki. Fundi aliosha brashi, akafunika ndoo, akakusanya zana zake moja moja kama mtu asiye na haraka ya kwenda popote. Mkewe alikuwa ameketi kwenye kizingiti cha baraza, viganja vyake vina bluu. Fundi akapita mbele yake, akafika mlangoni, na mkono wake ukasita kwenye kitasa. Akautoa mwiko mfukoni, akaugeuza, akagonga ubao kwa mpini mara tatu.

"Hodi," akasema.

Walisubiri wote wawili.