Tusi Ndani ya Bakuli

Enoch Thackray hakuwa ametia kitu tumboni tangu homa imshike, na muuguzi alikwisha sema: asipokula leo, kesho gari litamchukua hadi hospitali ya mjini. Ya kijijini wakubwa waliifunga, eti haina faida, na mkewe Hester akakata roho njiani, ndani ya gari hilo hilo. Enoch aliapa hatalipanda angali na akili zake.

Jirani yake Dorcas, mjane wa Wilf, akaingia bila kubisha, bakuli mkononi. Mkate umelowekwa kwenye maziwa ya moto, sukari juu.

"Ondoa uchafu huo!"

"Kula, mzee. Usiniletee ujeuri."

"Maisha yangu yote wameniita milksop, leo nikile chenyewe?"

Jina hilo alibandikwa na mnyapara wa machimbo ya mawe, siku alipokataa kuteremka ukuta wa mwamba uliolowa mvua. Kule walifanya kazi wawili wawili kwenye kamba moja. Mmoja akigoma, mwenzake naye habanduki.

Dorcas akacheka. "Kwani ulidhani ni nini? Milksop ni mkate na maziwa tu. Zamani ndicho chakula cha watoto na wagonjwa. Mwanamume akionekana mwoga, watu husema huyo bado analishwa hicho. Basi! Na aliyekuita hivyo alikuwa ofisini, miguu mikavu."

"Hilo kweli," Enoch akanguruma. "Wakubwa hawalowi."

"Na mwenzako wa kamba alikuwa nani?"

"Wilf wako. Alinitukana kumshinda mnyapara."

"Alikutukana mpaka chai ya mchana. Mwamba ulipoporomoka pale pale mlipotakiwa kuteremka, alikuja jikoni akanikumbatia na matope yake. Nimemzika akiwa mzee, Enoch, watoto wamemzunguka kitandani, na wengine siku ile hawakuwa hata wamezaliwa. Sijawahi kukushukuru. Sasa fungua mdomo, au nikuzibe pua."

Akafungua. Kijiko cha kwanza kilimwunguza ulimi. Cha pili kikashuka taratibu, kikatulia. Machozi yakamlengalenga, akasingizia moto wa maziwa. Akamlaani mnyapara, akawalaani waliofunga hospitali, laana moja kwa kila kijiko, hadi bakuli likabaki jeupe.

"Ahsante, mama," akasema. Neno la shukrani hakuwa amemwambia mtu tangu Hester azikwe.

"Muuguzi akija kesho nimwambieje?"

"Mwambie gari lake arudi nalo. Na wewe uje na bakuli kubwa zaidi, hili la mtoto."