Kikohozi cha Safu ya Nyuma

Mashabiki wenzake walimwita Mkasi, na jina likamkaa kama soksi ya zamani. Filamu waliyoipenda tangu utotoni ilikuwa imekatwakatwa na wenyewe walioitengeneza. Mashabiki hao wakaokoteza picha, kipande huku kipande kule, hadi ikarudi kama ilivyoonyeshwa mara ya kwanza. Sauti ndiyo iliyowagomea. Ilibaki kwenye kaseti moja tu, ambayo marehemu baba yake Mkasi aliirekodi kwa wizi ukumbini, kinasa sauti kikiwa ndani ya koti.

Mama aliitoa kaseti shingo upande. "Safisha makelele ya watu. Kikohozi cha baba yako usikiguse. Sauti yake nyingine sina."

"Mama naye! Kesho kila mtu ataniletea kikohozi cha baba yake."

"Utani huo mpelekee mkeo, ukimpata."

Lakini fundi akikolea kazi masikio huyaweka mfukoni. Kompyuta ikafagia vicheko, miluzi, vilio vya watoto, na kikohozi nacho kikaenda na maji. Alipotaka kukirudisha, mashine ikaitafuna kaseti ikabaki nyuzinyuzi. Akajikaza: mama hatagundua.

Wakaionyesha mchana, katika ukumbi uleule wa zamani, wenye viti vya kujikunja: ukiinuka, kiti nacho kinainuka. Sauti ilitoka safi, mashabiki wakagonganisha viganja. Ndipo mtu akakohoa, kavu, kama anayebisha hodi.

Mkasi, chumbani mwa mashine ya filamu, akatazama mshale wa kipimo cha sauti. Umelala. Kikohozi hakikutoka kwenye filamu. Kilitoka safu ya nyuma, pembeni, ambako kiti kimoja kilikuwa kimekunjuka, na juu yake hapana mtu.

"Mwenye kifua akapumzike nje!" alifoka shabiki mmoja.

Mama akainuka, akapapasa gizani, akaketi jirani na kiti kile. "Pole, mume wangu," alinong'ona. "Kumbe bado kinakusumbua."

Majina ya mwisho yalipoanza kupanda kwenye pazia, Mkasi alishuka mbio. Kiti kilikuwa kinainuka polepole, kikilia bawabani. Mama alikuwa amekigandamiza kwa mikono yote miwili.

"Mama, nisamehe. Nilikifuta."

"Najua. Umemtoa kule kwenye kaseti, ulitaka akakae wapi?" Hakumtazama. Kiti kilizidi kuisukuma mikono yake juu. "Kimbia, mwanangu. Irudishe filamu mwanzo."