Karatasi ya Kuvuka Tu

Katika mtaa wa Mukherjee Nagar, Delhi, ukitaka kujua namna ya kufaulu mtihani wa utumishi wa serikali, muulize aliyefeli. Huyo ndiye mwenye nafasi ya kukueleza. Waliofaulu walishahama.

Vibha alipanga chumba kimoja na dada Manjari, aliyefeli mpaka umri ukamtoa kwenye foleni. Siku hizi kazi yake ilikuwa kushauri. Alimchorea Vibha ratiba ya rangi rangi, kazi iliyokula wiki nzima ya kusoma. Akamfundisha kusoma gazeti mpaka matangazo ya vifo, na kwenda kibanda cha chai kila jioni kujadili, yaani kuwasikiliza wavulana wakibishana mto gani unaingia mto gani.

Vibha aliyapokea yote kwa adabu. Lakini baba yake kule Samastipur alikuwa amekata shauri: akifeli safari hii, anaolewa na mtoto wa mwenye tanuri la matofali. Kijana hana ubaya, baba alisema, anakula tu.

Jambo moja lilimkaa rohoni. Karatasi ya pili, ya hesabu na ufahamu, haiingii kwenye ushindani. Inatakiwa theluthi ya alama, basi. Kwa hiyo mtaa mzima uliidharau.

"Ile ni ya kuvuka tu, mdogo wangu," Manjari alimwambia. "Hata nyati wa maziwa anavuka."

"Na wewe dada, mara ya mwisho ulikwama wapi?"

Manjari akakoroga chai ambayo sukari yake ilishayeyuka zamani. "Hapo hapo. Ila mwaka ule maswali yalikuwa ya uonevu."

Vibha hakubishana. Ratiba aliiacha ukutani, maana ilipendeza, akawa anashinda na hesabu za matangi yanayojaa huku yanavuja. Kibandani wakamcheka kwamba anasomea ukarani wa benki.

Matokeo yalipotoka, karatasi ya kuvuka tu ilikuwa imewazamisha karibu mabingwa wote wa mito. Vibha alikuwa amepita hatua ya kwanza. Manjari akatangaza kibandani kuwa mbinu ni yake, na jua halijazama akapata wanafunzi wapya.

Vibha akampigia baba simu. Baba akasema habari za tanuri zimekwisha. Watu wa matofali si wa kuoa nyumba kama ya kina Vibha.

"Wewe tulia mwanangu, soma hatua ya pili," akamwambia. "Mimi huku nakutafutia afisa."